Mkono Ulio Nyuma ya Picha: Televisheni ya Msumbiji Ambayo Haikuzaliwa

Waronga, wakaao pembezoni mwa ghuba ya Maputo kusini kabisa mwa Msumbiji, wana kitenzi kuxa. Kwa maandishi ya Kireno herufi x husomwa sh, na maana ya neno ni ile ile ya kucha katika Kiswahili: kupambazuka, giza kuipisha nuru. Ni neno moja la kale la Kibantu lililosafiri pwani nzima, likabadili konsonanti tu njiani. Mwaka 1978, Msumbiji ikiwa na umri wa miaka mitatu ya uhuru, Taasisi ya Taifa ya Sinema ilianza kutoa jarida la habari la filamu na kulipa jina la Kuxa Kanema. Miongoni mwa walioliandikia alikuwamo mshairi, Luís Carlos Patraquim. Wafasiri wa Ulaya hulifasiri jina hilo kuwa kuzaliwa kwa sinema, nao hawakukosea. Lakini sikio la Mswahili husikia jambo la ziada ambalo mfasiri huyo hana namna ya kulisikia. Husikia kumekucha.

Mwaka huo huo wa 1978 alifika Maputo mgeni aliyekuwa na fikra inayofanana sana na jina hilo. Alikuwa Jean-Luc Godard, mtengenezaji filamu wa Kifaransa na Kiswisi, ambaye wakati ule alikuwa amekwisha kuipa kisogo sinema ya majumba makubwa na kuhamia katika video. Yeye na mwenziwe Anne-Marie Miéville, kwa jina la studio yao Sonimage, waliafikiana na serikali ya Msumbiji kufanya uchunguzi: nchi hii, ambayo wakati huo haikuwa na televisheni, iwe na televisheni ya namna gani? Matokeo ya uchunguzi yangekuwa mfululizo wa vipindi wenye jina la pande mbili, ambalo kwa Kiswahili twaweza kulisema hivi: Kaskazini dhidi ya Kusini, au Kuzaliwa kwa (Picha ya) Taifa.

Vipindi hivyo havikutengenezwa. Kilichobaki ni daftari la safari, lenye picha na maandishi, lililochapishwa Mei 1979 katika toleo la 300 la jarida la Kifaransa la Cahiers du cinéma, toleo ambalo Godard mwenyewe alipewa alihariri. Pengine msomaji atauliza kuna faida gani kuzungumza juu ya televisheni ambayo haikuzaliwa, na hali tunazo nyingi zilizozaliwa. Jibu langu ni kwamba zile zilizozaliwa hazikupata kuulizwa swali ambalo hii iliulizwa.

Tuanze na mabano yaliyo katika jina lile. Ukiyaondoa pamoja na yaliyomo ndani yake, unabaki na Kuzaliwa kwa Taifa, yaani jina la filamu ya Mmarekani D. W. Griffith ya mwaka 1915. Filamu ile iliwatukuza Ku Klux Klan na kuwadhalilisha watu weusi wa Marekani, na hadi leo hutajwa katika vitabu kwa ustadi wa ufundi wake. Ilidai kuonyesha jinsi taifa lilivyozaliwa. Ukweli ni kwamba kilichozaliwa ni picha ya taifa, iliyotungwa na upande mmoja kwa faida ya upande huo, na mkono ulioitunga ukafichwa nyuma ya pazia. Godard aliirudisha katika sentensi ile sehemu ambayo watunga picha hupenda kuimeza. Taifa ni jambo moja, picha yake ni jambo jingine, na baina ya mawili hayo pana mtu mwenye mkono, na mkono una nia.

Fikra hii hakuipata Maputo. Alikuwa amekwisha kuijaribu nyumbani. Mwaka 1976 yeye na Miéville walirusha katika televisheni ya Ufaransa mfululizo ulioitwa Six fois deux, na mara baada ya hapo, mwaka 1977 na 1978, wakatengeneza mwingine mrefu zaidi ulioitwa France/tour/détour/deux/enfants. Huu ulikuwa na vipindi kumi na viwili, kila kimoja kikikaribia nusu saa, na uliagizwa na kituo cha Antenne 2. Ulipokamilika, wakubwa wa kituo hawakujua waufanyie nini. Ukakaa hadi Aprili 1980, ndipo ulipoonyeshwa usiku wa manane, vipindi vitatu vitatu kwa pamoja, katika nafasi iliyotengwa kwa wapenzi wa sinema. Kazi iliyotungwa ili familia iitazame baada ya chakula cha jioni ilitazamwa na wachache waliokosa usingizi.

Kila Mfaransa wa makamo alilitambua jina la mfululizo huo. Mwaka 1877, miaka sita baada ya Ufaransa kushindwa na Ujerumani na kunyang'anywa Alsace na sehemu ya Lorraine, kilitoka kitabu cha shule kilichosimulia safari ya ndugu wawili yatima, André na Julien, waliotoka Phalsbourg kuizunguka nchi yao yote. Mwandishi alijiita G. Bruno, lakini jina lake hasa lilikuwa Augustine Fouillée. Kitabu kiliuzwa nakala kwa mamilioni, na vizazi kadhaa vya watoto vilijifunza humo kusoma, pamoja na kujifunza Ufaransa ni nini: mito yake, viwanda vyake, mashujaa wake, jibini zake. Jeraha la kushindwa vita lilifungwa kwa bandeji ya jiografia. Taifa lilipewa sura yake na kitabu, na watoto wawili wakawa macho ya kuitazamia sura hiyo.

Miaka mia moja baadaye Godard na Miéville wakachukua tena watoto wawili, msichana na mvulana, lakini hawakuwazungusha popote. Walibaki pale walipo: nyumbani, njiani, shuleni. Kamera iliwatazama wakitenda mambo ya kila siku, kisha picha ikapunguzwa mwendo, ikasimamishwa, ikaachwa itembee tena hatua kwa hatua, mpaka kitendo kilichozoeleka kikaonekana kigeni. Halafu sauti ya mtu mzima iliwauliza maswali ambayo watoto hawaulizwi: je, usiku ni wakati au ni mahali? Sura yako iliyo katika kioo, ipo kama wewe ulivyopo? Watoto walijibu kwa kusitasita, kwa kukubali na kukataa, na mara nyingine kwa kunyamaza. Kunyamaza huko hakukukatwa. Watangazaji wawili, mwanamume na mwanamke, wakaja kuzungumza juu ya yale tuliyokwisha kuyaona, nao wakafanywa waonekane wazi kuwa ni watangazaji, watu waliolipwa kusema.

Ukiyakusanya hayo yote utaona kwamba jaribio lilikuwa moja tu. Kitabu cha mwaka 1877 kilijua jibu kabla ya safari kuanza; televisheni ya mwaka 1978 ilitaka kuuliza bila ya kujua jibu, na ikamwachia mtazamaji aone anayeuliza, namna anavyouliza, na mahali pale anapoulizwa mtoto akashindwa kupata neno. Taifa halikuonyeshwa kama ramani. Lilionyeshwa kama jambo linalotendwa juu ya watoto kila asubuhi, kwa kengele, kwa foleni, na kwa mistari ya adhabu inayonakiliwa daftarini.

Sisi wa pwani hatuna haja ya kuazima kipimo cha kulipimia jaribio hilo, maana tunacho chetu. Hemedi bin Abdallah al-Buhriy alitunga utenzi wa vita vya Wadachi kutamalaki Mrima, vita vya mwaka 1307 Hijria, na Abdul Karim bin Jamaliddini naye akatunga utenzi wa vita vya Maji Maji. Tenzi hizo zilifanya kazi ambayo baadaye ilidaiwa kuwa ni ya magazeti, redio na televisheni: zilibeba habari za mambo makubwa, majina ya watu na miji, hasara na ushujaa, zikazifikisha kwa watu waliokusanyika kusikiliza. Lakini utenzi una adabu yake. Mtunzi huanza kwa kumtaja Mola wake, na aghalabu humaliza kwa kujitaja mwenyewe: jina lake, nasaba yake, mji wake, siku aliyomaliza kutunga, na huomba radhi kwa aliyokosea. Msikilizaji anaondoka anajua ni nani aliyesema, alisimama wapi aliposema, na kwa hiyo anaweza kumkubali au kumpinga. Mkono umeonekana. Televisheni ya kawaida huanza na muziki na kumalizika na muziki, na katikati huzungumza kama kwamba ulimwengu wenyewe ndio unaozungumza.

Turudi Msumbiji. Nchi ile ilipopata uhuru tarehe 25 Juni 1975, zaidi ya watu tisa kati ya kumi hawakujua kusoma. Walowezi wengi waliondoka na ujuzi wao. Watu wake walikuwa na lugha nyingi, na FRELIMO, chama kilichoasisiwa Dar es Salaam tarehe 25 Juni 1962 na kilichopigana vita vya miaka kumi kikitegemea mgongo wa Tanzania, kiliamua kwamba Kireno kiwe lugha ya kuunganisha taifa. Kwa viongozi hao picha haikuwa anasa. Wakati wa vita walikuwa wamekwisha kuiona nguvu yake: filamu ya A Luta Continua ya Robert Van Lierop, Mmarekani mweusi aliyeingia maeneo yaliyokombolewa akipitia Tanzania, ilikuwa imezunguka duniani tangu mwaka 1972 ikiwatafutia marafiki. Kwa hiyo sinema ilipewa taasisi yake mapema, na magari ya sinema yakapelekwa vijijini, kuwaonyesha watu wa kaskazini kwamba kusini kuko, na watu wa kusini kwamba kaskazini kuko.

Katika mji huo huo, kwa kipindi kifupi cha miaka miwili mitatu, walikutana watu watatu wenye mawazo matatu. Wa kwanza alikuwa Ruy Guerra, mzaliwa wa Lourenço Marques, jina la Maputo ya ukoloni, mwaka 1931, aliyekwenda kuwa mmoja wa vinara wa sinema mpya ya Brazili kisha akarudi kuisaidia nchi alimozaliwa. Yeye alitaka sinema kamili, yenye mafundi waliofunzwa na mikanda ya kiwango kinachotambulika duniani, ili Msumbiji isionekane maskini mbele ya wengine. Wa pili alikuwa Jean Rouch, Mfaransa aliyeishi na kufanya kazi miaka mingi Niger. Yeye alileta Super 8, kamera ndogo za bei nafuu, na mwaka 1978 akaendesha mafunzo katika Chuo Kikuu cha Eduardo Mondlane, ambapo wanafunzi walipiga picha, wakazisafisha wenyewe na kuwaonyesha wale wale waliopigwa. Kabla ya hapo, yeye na Jacques d'Arthuys walikuwa wametengeneza filamu fupi ya Makwayela, juu ya wafanyakazi wa kiwandani waliowahi kuchimba migodi Afrika Kusini, wakiimba na kucheza ngoma ambayo jina lake halijifichi: ndani yake mna kwaya.

Wa tatu alikuwa Godard, naye alitaka jambo gumu kuliko yote, yaani kungoja. Hoja yake ilikuwa hivi: hapa pana taifa ambalo halijafurikwa na picha. Katika miaka michache televisheni itafika, na ikishafika hapatakuwa na nafasi tena ya kuuliza. Basi tuulize sasa. Watu hawa wanatamani kuona nini? Ni nani atapiga picha, na ni nani atapigwa? Mwanakijiji akijiona kwa mara ya kwanza katika kioo cha televisheni, ni nani atakayempa neno la kusema alichokiona, na kwa lugha gani? Kwake yeye, video, ambayo haihitaji maabara na humruhusu aliyepigwa picha kuiona papo hapo, ilikuwa chombo cha mazungumzo kabla haijawa chombo cha matangazo.

Wako wanaomcheka kwa hayo, na kicheko chao kina haki yake. Ni rahisi kwa mtu mwenye tikiti ya kurudi Ulaya kuwaambia wenye njaa wasubiri wafikiri kwanza. Nchi ilikuwa imezingirwa: Rhodesia upande mmoja, Afrika Kusini ya makaburu upande mwingine, na vita vya RENAMO vilivyoanza mwaka 1977 vikiunguza mashule na zahanati. Serikali katika hali hiyo huhitaji kuwaambia wananchi wake jambo, na hulihitaji leo. Haina subira ya mshairi anayesaka kina. Mradi ulikuwa ghali, lugha yake ilikuwa ngeni kwa waliouagiza, na ukafa bila ya mazishi.

Lakini tazama kilichokuja badala yake. Kuxa Kanema, baada ya kusimama kwa muda, ilianza upya mwaka 1981 ikitoka kila juma, dakika kumi hivi za picha nyeusi na nyeupe. Ni hazina isiyokadirika. Humo mna Samora Machel akihutubia, akicheka, akiimba na umati. Mna mashamba, viwanda, watoto wa shule, maiti za vita. Anayezitazama picha zile leo hawezi kuuzuia moyo. Hata hivyo sauti iliyo juu ya picha ni moja, ni ya Kireno, na inajua kila kitu. Mkulima anaonekana akifungua kinywa, na msimulizi ndiye anayesema. Katika kijiji ambacho Kireno kilijulikana na watu wachache, picha ilifika kama mgeni aliyekuja na mkalimani wa upande wake. Kulikuwa kumekucha, ndiyo, lakini jogoo alikuwa mmoja.

Mwaka huo huo wa 1981 televisheni nayo ikaanza. Mwanzoni ilionekana Maputo tu, tena Jumapili tu, na jina lake rasmi lilikuwa Televisão Experimental, Televisheni ya Majaribio. Kwa mfasiri, jina hili ni kinaya kizito. Godard alikusudia kuijaribu televisheni yenyewe, aone kama yafaa na kwa masharti gani. Mafundi wa mwaka 1981 walijaribu mitambo, waone kama inashika. Mitambo ilishika. Mwaka 1991 neno la majaribio likaondolewa, kikabaki kituo cha taifa cha TVM, na hapakuwa na aliyeuliza kama jaribio la kwanza lilipata jibu.

Nasema hapakuwa na aliyeuliza, lakini jibu lilikuwapo, na halikutoka kwa wageni. Lilitoka Mueda, juu ya uwanda wa Wamakonde, karibu na mto Ruvuma. Wamakonde wengi walivuka mto huo zama za ukoloni kwenda kufanya kazi katika mashamba ya mkonge ya Tanganyika, na huko wakaiona TANU ikikua. Tarehe 16 Juni 1960 Faustino Vanomba na Kibiriti Diwane, waliotoka Tanganyika, walifika mbele ya wakuu wa Kireno pale Mueda kudai uhuru kwa maneno. Watu walikuwa wamekusanyika kusikiliza. Askari walifyatua risasi. FRELIMO imeshikilia kwamba waliouawa walikuwa kama mia sita. Watafiti wengine wametaja idadi ndogo zaidi. Lisilobishaniwa ni kwamba watu walikwenda kuzungumza na wakapigwa risasi.

Baada ya uhuru, watu wa Mueda walianza kuliigiza tukio hilo kila mwaka, siku ile ile, mbele ya jengo lile lile la utawala. Mwaka 1979 Ruy Guerra akaenda kulipiga picha igizo hilo, na filamu iliyotoka, Mueda, Memória e Massacre, huhesabiwa kuwa filamu ndefu ya kwanza ya hadithi ya Msumbiji huru. Ndani yake wanakijiji wanawaigiza wakoloni kwa kejeli, na kamera haiwafichi watazamaji: watoto waliopanda mahali pa juu, wanawake wanaocheka wakimwona jirani yao akijifanya Mreno mwenye majivuno. Katikati ya maigizo, walionusurika wanasimama mbele ya kamera na kueleza walichokiona. Kicheko na ushahidi vimekaa mkeka mmoja. Unajua nani anaigiza, unajua nani alikuwapo, na unajua kamera ilikuwa wapi. Yale ambayo Godard alitaka kuyafundisha kwa video, watu wa Mueda walikuwa wakiyatenda kwa miili yao, bila ya mitambo, na wasingehitaji mradi wowote kuendelea kuyatenda.

Filamu ile haikuachwa kama ilivyokuwa. Ilikatwa na kurekebishwa ili ilingane na historia iliyokubaliwa na wakubwa. Jambo hilo lenyewe lafundisha. Picha iliyotungwa na watu wengi ilikuwa na nafasi ya shaka, ya mzaha, na ya majina yasiyotakiwa. Picha ya taifa iliyotakiwa haikuwa na nafasi hiyo. Aliyeshika mkasi hakujitaja mwishoni wala hakuomba radhi.

Visiwani kwetu tulikuwa tumetangulia. Televisheni Zanzibar ilianza matangazo yake mwaka 1974, na ilikuwa ya rangi, ya kwanza ya aina hiyo katika Afrika kusini ya Sahara; Afrika Kusini yenyewe, pamoja na utajiri wake, haikuwa na televisheni hadi mwaka 1976, na Tanzania Bara ilisubiri hadi mwaka 1994. Mipango yake iliwekwa zama za Sheikh Abeid Amani Karume, aliyeuawa tarehe 7 Aprili 1972, ikatimia chini ya Aboud Jumbe. Ukilinganisha utaona kwamba sisi na Msumbiji tulikuwa kama watu wawili waliogawana sahani na chakula. Wao walikuwa na swali, hawakuwa na mitambo. Sisi tulikuwa na mitambo, na zaidi ya mitambo tulikuwa na lugha ambayo kila mtazamaji aliijua, neema ambayo Maputo isingeweza kuinunua. Lakini swali hatukulisikia. Kioo kilikuja kikiwa mali ya serikali, kikafunguliwa, tukakaa mbele yake. Hatukuulizwa tunataka kujiona vipi, nasi hatukuuliza.

Nani alipoteza zaidi? Msumbiji ilipatwa na hasara ya moto: Februari 1991 jengo la Taasisi ya Sinema liliungua, na sehemu kubwa ya vifaa na mikanda ikaenda. Mwaka 2003 Mreno Margarida Cardoso alitengeneza filamu juu ya Kuxa Kanema akitumia mikanda iliyosalimika, na ndani yake waliokuwa vijana mwaka 1978 wanazungumza wakiwa wazee wa matumaini yao. Rouch alifariki Niger mwaka 2004. Godard naye alifariki mwaka 2022, akiwa ameacha nyuma yake filamu nyingi na televisheni moja isiyokuwapo.

Na swali halikufa. Tarehe 5 Oktoba 2017 wapiganaji walishambulia Mocímboa da Praia, katika mkoa ule ule wa Cabo Delgado, na Machi 2021 wakashambulia Palma. Mamia ya maelfu ya watu walikimbia makwao, wengi wao Wamwani wa pwani, ambao Kimwani chao ni lugha iliyo jamaa ya Kiswahili. Mueda ikawa miongoni mwa miji iliyowapokea waliokimbia. Picha za msiba huo zilizotufikia zilipigwa ama na wauaji wenyewe, waliokuwa na simu na bendera, ama na wageni waliokuja kwa siku chache na kuweka juu ya nyuso za watu wale sauti ya lugha nyingine. Jirani yetu, mwenye lugha inayokaribia kuwa yetu, anaonekana kwetu akifungua kinywa, na mtu mwingine ndiye anayesema. Hapo ndipo Kuxa Kanema ilipokuwa mwaka 1981.

Tusijidanganye kwamba jambo hilo ni la ng'ambo ya Ruvuma tu. Kila mwaka wakati wa Mwaka Kogwa, Makunduchi hujaa kamera. Wanaume wanapigana kwa migomba, kibanda kinachomwa, wanawake wanaimba, na picha zinaondoka kijijini pamoja na waliozipiga. Watu wa Makunduchi wanafanya jambo lile lile wanalolifanya watu wa Mueda: wanajisimulia wenyewe kwa miili yao, mbele ya wenzao, kwa maneno wanayoyajua. Wana kila kitu isipokuwa picha yao. Siku hizi kijana yeyote kijijini ana kamera mfukoni iliyo bora kuliko zote alizozileta Rouch, na anaiona picha papo hapo, kama Godard alivyotamani. Kilichosalia ni ile adabu ya utenzi. Anayepiga picha za shughuli ya kwao na aseme katika picha hiyo yeye ni nani, ni mtoto wa nani, ni siku gani na ni mji gani. Amwulize bibi anayeimba maana ya anachokiimba, amwache ajibu kwa lahaja yake, na akinyamaza, asimkate. Kisha aweke nakala moja kwa watu aliowapiga. Hayo hayahitaji mkataba wa serikali wala studio ya Uswisi, na mwakani, siku ya Kogwa, yanaweza kuanzwa.